Waya Alioung'oa Pilipili

Kila asubuhi kabla ya kengele, Pilipili alipitia chumba cha sayansi kuangalia mayai yake. Yalikuwa arobaini, ndani ya friji bovu ambalo yeye na baba yake, fundi wa friji, walilifungia balbu na kipimajoto likawa mashine ya kutotolea vifaranga. Jina la Pilipili alipewa na shangazi yake kwa ukali wake, na siku hiyo alilitendea haki.

"Kwenye mkutano wa sayansi wa kesho kutwa hatusafiri tena," mwalimu wake alimwambia. "Utafanyika mtandaoni. Utaonyesha mashine ukiwa hapa hapa. Hebu jaribu kompyuta."

Pilipili alipandwa na hasira. Mwezi mzima alikuwa amewatambia wenzake kuhusu hoteli yenye lifti ambako mkutano ungefanyika. Sasa wangemcheka! Mwalimu alipotoka, aling'oa waya wa mtandao nyuma ya kompyuta, kisha akamfuata.

"Mtandao umekufa, Mwalimu."

"Basi itabidi tujitoe," mwalimu akasema kwa uchungu.

Mchana baba alipokuja kukagua balbu, aliuona waya unaning'inia. "Nani kaung'oa huu?"

Pilipili alitazama viatu vyake. "Mimi, baba. Nilitaka kusafiri. Nilidhani mtandao ukikosekana tutaenda wenyewe."

"Kusafiri!" Baba aliuinua ule waya. "Nafasi za safari zilikuwa mbili, yako na ya mwalimu. Mimi niliyeungua vidole kwa balbu hizi, uliwahi kuniuliza nitaonaje? Na mayai je? Kesho kutwa yanaanguliwa! Ungeyatia kwenye begi?"

Machozi yalimlenga Pilipili. Sasa hasira zote zilimgeukia mwenyewe. Alirudisha waya, akaenda kumwambia mwalimu ukweli.

Siku ya mkutano, yai la kwanza lilipasuka mbele ya shule zaidi ya mia. Wanafunzi wenzake waliojazana madirishani walipiga kelele. Mhandisi mmoja wa mbali akauliza joto linadhibitiwaje.

"Hilo analijua zaidi baba yangu," Pilipili akasema. Baba akasogea na ovaroli lake la mafuta, akaeleza, na mhandisi akawa anaandika.

Mkutano ulipokwisha, mwalimu hakutabasamu. "Mngeonyesha picha tu huko hotelini. Darasa lisingeona kitu, na fundi mwenyewe angebaki karakanani. Uongo wako ulitaka kuwafungia mlango watu wote hawa, kisa lifti. Nimekusamehe, lakini usirudie."

Pilipili alivuta kiti chake, akampa baba akae.