Kabla ya Oduor Kutumwa Vitani

Kila asubuhi, kabla ya kushika msasa, Ajwang alimshukuru Mungu. Alishukuru kwamba mvua haikulowesha mbao. Alishukuru kwamba Jeremy, mtoto wake, ameenda shule akiwa ameshiba. Alishukuru kwamba banda lao bado lilikuwa mahali pake, kando ya Ngong Road, karibu na Dagoretti Corner, jijini Nairobi.

Katika banda hilo mafundi walitengeneza vitanda, meza na viti. Tobias, mume wa Ajwang, alipiga randa. Ajwang alisugua mbao kwa msasa mpaka zikawa laini, kisha akazipaka vanishi. Mikono yake ilinuka vanishi hata Jumapili kanisani. Mwenyekiti wao alikuwa Kihara, mzee mnene mwenye kicheko kikubwa, mzaliwa wa papo hapo Dagoretti.

Shukrani kubwa kuliko zote Ajwang aliiweka mwisho. Ilikuwa ya Oduor, mdogo wake. Mama yao alipofariki, Oduor alikuwa bado ananyonya kidole. Ajwang alimaliza darasa la nane, akaacha masomo ili amlee. Sasa Oduor alikuwa mwanajeshi, kijana mrefu, viatu vyake vinang'aa kama kioo. Desemba angepata likizo aje kufunga ndoa. Kitanda chake cha arusi kilikuwa tayari pale bandani. Ajwang alikipaka vanishi mwenyewe, akarudia, akarudia tena.

Huo ulikuwa mwaka wa 2009. Mwaka huo redio haikuchoka kutaja Migingo. Migingo ni kisiwa kidogo ndani ya Ziwa Victoria. Kenya ilisema kisiwa ni chake. Uganda nayo ikasema ni chake. Habari ikianza kusomwa, misumeno yote bandani ilinyamaza.

"Samaki ni wetu!" Tobias alifoka. "Rais apeleke jeshi leo. Asiulize mtu!"

"Leo jioni!" Kihara akamuunga mkono.

"Wee Kihara, hata kuogelea hujui," alisema Muigai, fundi wa viti. "Vita ya majini utaipigana umekaa ndani ya karai?"

Mafundi walicheka mpaka mmoja akadondosha nyundo. Ajwang hakucheka. Aliendelea kusugua mguu wa meza. Wanasema "jeshi" kama vile ni mkokoteni wa kukodi, aliwaza. Jeshi ni watu. Jeshi ni Oduor wangu.

Lakini maneno hayo aliyaweka moyoni. Alikuwa mtu wa kutazama na kungoja.

Mwezi wa Novemba, rasimu ya Katiba mpya ilitolewa. Rasimu ni maandishi ambayo bado yanaweza kubadilishwa. Wananchi waliombwa waisome na watoe maoni. Kihara alifika bandani na nakala yake kwapani.

"Wenzangu," alisema, "hapa wanataka Rais asitangaze vita mpaka Bunge likubali. Huko si ni kumfunga mikono? Nitaandika kwamba mafundi wa hapa tunataka maneno hayo yafutwe. Jumamosi tukae mbaoni, tumalize."

Kukaa mbaoni ilikuwa desturi ya banda hilo. Jambo kubwa likitokea, wote waliitwa kwenye rundo la mbao. Aliyekubali aliketi juu ya mbao. Aliyekuwa na swali alibaki amesimama. Mtu mmoja akisimama, hakuna msumeno ulioguswa mpaka ajibiwe.

Desturi hiyo ilizaliwa na uchungu. Zamani kidogo, Kihara alikubali kazi ya madawati ya shule bila kumuuliza mtu. Muda ulikuwa mfupi. Mafundi walikimbizwa kama punda. Katika haraka hiyo, msumeno wa umeme ulimkata Muigai vidole viwili. Tangu hapo walisema basi, mtu mmoja asitukubalie kazi kubwa peke yake.

Jioni hiyo Ajwang alikuwa akifua nguo kwenye bomba la ploti, walikopanga nyumba. Jirani yake, Nyokabi, alikuja na ndoo. Nyokabi alifundisha watoto wadogo wa shule ya nasari. Kanisa pia lilikuwa limempeleka kwenye semina, ili awaeleze watu mambo ya rasimu.

"Mwalimu," Ajwang alisema polepole, "mtu kama mimi naweza kupinga mambo ya Rais?"

"Hupingi mtu, Mama Jeremy. Unatoa maoni. Katiba ni yako kama ilivyo yake. Hebu shika upande ule wa shuka tukamue, unieleze."

Ajwang alimweleza habari ya Kihara na maneno anayotaka yafutwe. Nyokabi alitikisa kichwa.

"Sikiliza. Rais ndiye amiri jeshi mkuu. Hilo linabaki. Jeshi haliwezi kuongozwa na watu mia. Lakini kuongoza jeshi ni jambo moja. Kuipeleka nchi vitani ni jambo lingine. Katiba tunayotumia sasa haisemi wazi kwamba lazima Bunge likubali kwanza. Watu wengi wanataka iseme."

"Na adui akituvamia? Jeshi lingoje wabunge waamke, waoge, wanywe chai?"

Nyokabi alicheka. "Hapana! Mlinzi wa banda lenu akiona mwizi, anafanya nini?"

"Anapiga kelele na kushika rungu."

"Hangoji mkutano, sivyo? Huko ni kujikinga. Lakini mlinzi huyo huyo akitaka kwenda kuvunja banda la jirani?"

"Aa, huyo lazima atuulize kwanza! Sisi ndio tutarushiwa mawe."

"Basi umeshaelewa. Rais akitaka kutangaza vita, aende Bungeni. Aseme adui ni nani. Aseme kama mazungumzo yamejaribiwa. Aseme vita vitaisha vipi. Wabunge wamuulize, sisi tukisikia. Wakikataa, hatangazi."

"Na wakikubali ovyo ovyo?"

"Wanaweza, ni binadamu. Lakini mbunge wako anajua atarudi hapa kukuomba kura. Utamuuliza. Na watu wengi wakiuliza maswali kwa sauti, kosa linaonekana mapema."

Ajwang alianika shuka. Kisha akauliza jambo lililokuwa moyoni tangu fujo za baada ya uchaguzi wa 2007. "Na wanajeshi wakitumwa hapa hapa nyumbani, kutuliza sisi wenyewe?"

"Swali zuri. Kutuliza fujo ni kazi ya polisi. Mkitaka Bunge liulizwe kabla ya wanajeshi kutumwa kwa raia, andikeni hilo pia. Muda bado upo."

"Asante, Mwalimu. Mimi nilidhani hayo ni ya watu wa suti."

"Watu wa suti hawana ndugu wengi jeshini," Nyokabi alisema. "Wewe unaye."

Ijumaa ilikuwa siku ndefu. Ajwang alimpigia Oduor simu, haikupatikana. Alipiga tena, kimya. Kwenye duka la unga alisikia watu wakisema likizo za wanajeshi zimefutwa. "Wanapelekwa ziwani," mmoja alisema, kama aliyekuwepo. Ajwang alirudi nyumbani akasahau unga kaunta.

Jumamosi mafundi walikusanyika. Kihara alisoma maoni aliyoandika. "Rais awe na uwezo wa kutangaza vita bila kuuliza Bunge. Haya, tuketi."

Tobias aliketi. Muigai aliketi. Wengine wote waliketi.

Ajwang alibaki amesimama, msasa mkononi.

"Mama Jeremy, keti," Kihara alisema. "Chai inapoa."

"Nina swali, Mzee."

Tobias alinong'ona kwa ukali. "Ajwang! Unaniaibisha mbele ya watu."

"Sikuaibishi, Baba Jeremy. Mbao hizi nazisugua mimi pia." Alimgeukia mwenyekiti. "Mzee Kihara, ile kazi ya madawati, nani alisema ndiyo?"

Kihara alikuna kidevu. "Mimi. Lakini hayo si tulimaliza?"

"Tulimaliza. Na vidole vilivyokatika vilikuwa vya nani?"

Muigai aliutazama mkono wake, akauweka juu ya goti ambapo kila mtu aliuona.

"Sisemi ulitutakia mabaya," Ajwang alisema. "Ulitutakia kazi. Ulikuwa na haraka tu. Hata Rais mzuri anaweza kushikwa na haraka. Hapa hatukati mbao ya watu bila kuulizana. Sasa tunaandika kwamba watoto wa watu wapelekwe vitani bila mtu kuulizwa?"

"Na Migingo je?" Tobias aliuliza. "Tukiache kisiwa hivi hivi?"

"Sisemi tukiache. Waongee kwanza. Vita ikibidi, Bunge zima likae mbaoni, lijibiwe maswali. Na wewe, mume wangu, kila siku unasema apeleke jeshi. Leo usiseme jeshi. Sema jina. Sema, apeleke Oduor."

Macho ya Tobias yalienda kwenye kitanda cha arusi, kilichofunikwa gunia ili kisiingie vumbi. Oduor alikuwa amekaa kwao miaka mingi. Tobias ndiye aliyemfundisha kunyoa ndevu.

Tobias akainuka, akaja kusimama kando ya mkewe.

Muigai naye akainuka. Mmoja mmoja, mafundi wote wakasimama. Kihara alibaki juu ya rundo, peke yake.

"Haya basi," alisema, "mmeniachia mbao zote. Lakini na mimi niulize. Tukivamiwa je?"

Ajwang alimweleza habari ya mlinzi na rungu. Alieleza tofauti ya kujikinga na kwenda kuvamia. Kihara alisikiliza mpaka mwisho. Halafu akakata maneno yake kwa kalamu.

"Sema, Mama Jeremy. Mimi naandika."

Waliandika kwamba Bunge likubali kabla ya vita kutangazwa. Waliandika pia kwamba liulizwe kabla ya wanajeshi kutumwa kutuliza raia. Kisha wakaketi wote, Ajwang pia, wakanywa chai iliyopoa.

Jumatatu simu ya Ajwang ililia. "Dada, pole," Oduor alisema. "Simu yangu ilianguka kwenye ndoo ya maji. Likizo? Nani amefuta? Mimi nakuja!"

Ajwang alikaa chini pale pale, katikati ya vumbi la mbao, akalia kwa furaha.

Oduor alifunga ndoa Desemba. Mwaka uliofuata, mwezi wa Agosti, Wakenya walipiga kura na kuikubali Katiba mpya. Maoni yalikuwa yametoka kila pembe ya nchi, na ya banda lile yalikuwa tone tu. Lakini Nyokabi alipowasomea Katiba hiyo, walisikia wenyewe. Rais anaweza kutangaza vita kwa idhini ya Bunge. Na wanajeshi hawatumwi kurudisha amani mahali penye fujo nchini bila idhini ya Bunge la Taifa.

"Asante kwa kusimama siku ile," Kihara alimwambia Ajwang. "Ningetuma maneno ambayo ningeyajutia."

Oduor alipokuja tena likizo, alipita bandani. Tobias alimsimulia yote. Kijana alimgeukia Ajwang.

"Nikitumwa nitaenda," alisema. "Niliapa. Lakini nitaenda nikijua kwamba kabla ya mimi kuambiwa panda gari, kuna mtu aliyelazimika kujibu maswali. Asante, dada."

Chakula kilikuja. Mafundi waliketi juu ya rundo la mbao. Oduor alibaki amesimama.

"Askari," Kihara alisema, "una swali?"

"Ndiyo, Mzee. Chapati ziko wapi?"

Kicheko kilipaa mpaka barabarani. Ajwang alimpa mdogo wake chapati mbili, akamsogezea nafasi, akaketi karibu naye. Siku hiyo hakuwa na swali lolote. Alishukuru tu.