Chumba cha Njia ya Toledo

Walikutana mbele ya dirisha la duka la televisheni, jijini Cleveland, Jumapili moja ya baridi kali mwaka 1956. Watu walikuwa wamejazana kwenye theluji wakitazama timu yao ikicheza ugenini mpira wa Kimarekani, ule wa kofia ngumu na kuangushana. Bernadine Kostka, muuza glavu mwenye koti jekundu na sauti ya kuamsha mtaa, alikuwa akimfokea refa kupitia kioo.

"Dada, hakusikii," kijana mmoja mrefu alimtania.

"Na wewe umesimama hapo kama mlingoti, hata nani ana mpira hujui!"

Kweli hakujua. Tadek Wrona, dereva wa lori la maziwa, alifundishwa mpira palepale. Akaupenda mpira, akampenda na mwalimu. Msimu uliofuata alialikwa kwao Bernadine, chakula cha mchana, akajulishwe kwa mama mkwe mtarajiwa.

Hakutokea! Mama mtu alikuwa amepika pierogi, vile vitumbua vya Kipolandi vya kuchemsha vyenye viazi ndani, amevaa lulu zake, kamwalika na padri. Wakangoja hadi chakula kikaganda. Jioni shangazi Olga akaleta umbea: Tadek kaonekana akiingia hoteli ya barabarani, njia ya Toledo. Bernadine akanyakua simu.

"Nani huyo mwanamke?"

"Mwanamke gani, mpenzi? Tulikuwa wanaume watupu!"

"Hotelini? Mkifanya nini?"

Tadek akanong'ona: "Tulikuwa tunaangalia mpira."

Hapo ndipo damu ilipomchemka. Wenye timu, kwa uroho wa tiketi, walikuwa wamekataza mechi za nyumbani zisionyeshwe jijini. Ukitaka kuiona timu ya mtaani kwako, uendeshe gari maili themanini ukakodi chumba chenye televisheni! Dhuluma tupu. Lakini ya Tadek ilizidi.

"Kumwacha mama na padri mezani, hilo utawajibu wenyewe. Lakini mimi, Tadek? Mimi niliyekufundisha! Mimi nimenye viazi, wewe uende na hao mabwege wako?"

"Walisema mwanamke atatuharibia starehe... Nisamehe, laazizi. Nataka kukuoa, Berna."

"Unaposa kwenye simu! Huna haya!" Akakata.

Mama alimsamehe Tadek alipokuja kuomba radhi, akamwona akila sahani ya pili. Bernadine, wapi! Mechi nyingine ya nyumbani ilipofika, alipanda gari la Tadek bila salamu, akaketi mbele, akanuna hadi hotelini. Chumba kilijaa moshi wa sigara na wanaume. Akakalia kiti pekee kilichokuwapo.

"Hapa si mahali pa wanawake," mmoja akaguna.

Bernadine alimtazama Tadek tu, aone leo atasimama upande gani.

Tadek akavua kofia, masikio yamemwiva. "Huyu ndiye aliyenifundisha mpira. Asiyemtaka, mlango ule pale."

Hakuna aliyetoka. Tadek akapiga goti mbele yao wote, kichwa chake kikiziba nusu ya kioo cha televisheni.

"Bernadine Kostka, utakubali nikuoe?"

"Nimekubali! Sasa toka hapo mbele, mjinga wewe, tunafunga!"