Mti Wenye Koti

Kila asubuhi Charline alitoa blanketi ndani ya hema, akalitandaza juu ya mawe meusi ya volkano, akangojea jua. Blanketi lilikuwa moja. Waliolala chini yake walikuwa watatu: yeye, mama mkwe wake Mukamazimpaka, na Prodige, mtoto wake wa mwaka mmoja na nusu. Walikimbia vita kule Rutshuru. Sasa waliishi kambini, kaskazini ya Goma, chini ya mlima Nyiragongo.

Usiku baridi ilipanda kutoka kwenye mawe, ikapita turubai, ikaingia mgongoni mwa mtoto. Prodige alikohoa mpaka kulipokucha. Muuguzi wa kambi alimpa dawa.

"Lakini mama," alisema, "kama mutoto analala juu ya jiwe, kikohozi kitarudi. Tafuta kitu kikavu cha kutandika chini yake. Na akianza kupumua mbio mbio, umulete hapa siku ile ile."

Jirani mmoja alimtazama Prodige, akatikisa kichwa. "Huyu hatamaliza mvua hii."

"Atamaliza," Charline akajibu. "Na mvua ingine atamaliza."

Kesho yake, alfajiri, alifuata wanawake waliokwenda kutafuta kuni. Wenzake waliishia msituni. Yeye akapanda tu, gunia mkononi, mpaka karibu na mdomo wa volkano. Huko akaona mimea ya ajabu. Mashina yake yalikuwa manene kama watu, marefu kumshinda. Juu kulikuwa na majani makubwa, mabichi, yaliyojikusanya kama kabichi. Chini yake majani makavu yalining'inia, yamefunika shina lote.

Charline akacheka peke yake. "Migomba ya huku haina mwenyewe!"

Kwao, mwanamke mwenye bidii alijulikana kwa migomba yake: majani makavu yamekatwa, shina liko safi. Basi akasafisha mimea mitatu, akajaza gunia, akashuka akijisifu.

Usiku ule Prodige alilala mpaka asubuhi.

Mwezi ukapita. Majani yakavunjika, yakawa vumbi. Kikohozi kikarudi. Charline akatangaza kwamba atapanda tena. Safari hii wanawake tisa walitaka kwenda naye, pamoja na Adalbert, baba wa watoto wanne, na panga lake. Muzee Hategekimana akasikia. Kabla ya vita alibeba mizigo ya wageni waliopanda mlima.

"Mama Prodige, yale majani uliyatoa wapi?"

"Juu, muzee. Nilisafisha ile miti. Ilikuwa michafu."

Muzee akashika kichwa. "Ulisafisha! Tutapanda wote. Nataka uone kwa macho yako."

Walipanda masaa matano. Ile mimea mitatu bado ilisimama, lakini vichwa vyake vilikuwa vimeinama, vyeusi. Charline akabonyeza shina. Lilikuwa laini, kama ndizi iliyooza.

"Nani aliichoma?" akauliza.

"Baridi," muzee akasema. "Huku mchana jua linachoma, usiku maji yanaganda. Huyu wageni wanamuita senesio. Ndani ya shina lake muko maji. Yale majani makavu njo koti yake. Ukimuvua, maji yanaganda ndani, hayafiki kichwani. Anakufa."

"Na ule wenye mukia wa maua?" Charline akauliza, akionyesha mmea mwingine kando.

"Lobelia. Usiku inakunja majani inafunika moyo wake, sawa vile unafunika Prodige. Inakomaa polepole sana. Pengine hii ilikuwa hapa mbele uzaliwe."

Adalbert akatoa panga. "Muzee, hatukupanda masaa tano juu ya masomo. Watoto wanalala kwenye mawe. Tuchague mti ama mutoto?"

Akasogelea senesio kubwa iliyokuwa karibu. Charline akamtangulia, akaweka mgongo wake kwenye majani makavu. Aliyasikia yakimpa joto.

"Anayetaka kumuvua huyu, anivue mimi kwanza!"

"Weye?" Adalbert akacheka. "Si weye njo ulianza?"

"Njo maana najua! Watatu nimewaua kwa mikono hii. Na mutoto wangu iko na baridi sawa na wako, usinipime!" Miguu yake haikusogea. "Sisi ni watu wa migomba. Leo asubuhi tumepita mashamba mangapi chini kule? Migomba yote imejaa majani makavu, wenyewe wamekosa mikono. Mugomba unataka kusafishwa. Huyu hapana. Ni mimi nilichanganya."

Mwanamke mmoja akaangua kicheko.

"Masaa tano kupanda mulima, kumbe tunakuja kukumbuka migomba!"

Wote wakacheka. Hata Adalbert akarudisha panga.

Wakashuka mpaka shamba la migomba, wakaomba majani makavu. Mwenye shamba, Mama Kahindo, hakuamini masikio yake. "Munataka uchafu wangu? Mubebe wote!"

Walisafisha migomba yake. Wakaanika majani siku mbili mpaka yakalia mkononi. Wakayashindilia ndani ya magunia, wakatandika kila hema. Kila mwezi wakabadilisha. Wakachimba na mfereji kuzunguka mahema, maji ya mvua yasiingie chini.

Prodige alimaliza mvua ile. Akamaliza na ingine.

Vita vilipotulia, njia ya mlima ikafunguliwa. Charline akapata kazi ya kubeba mizigo pamoja na Muzee Hategekimana. Siku moja alipanda na Prodige, mwenye miaka saba na maneno mengi.

"Mama, hii miti mitatu ilikufa sababu ya nini?"

"Sababu ya mama yako," Charline akasema. "Alikuwa hajajua."

Kando ya ile mitatu senesio changa ilikuwa imeota, kimo cha goti la mtoto. Majani yake ya kwanza yalianza kukauka, yakaangalia chini. Prodige akanyoosha mkono, akashika jani moja, tayari kulivuta.

Charline akamshika mkono.

"Muachie koti yake."