Shikamoo ya Kwenye Ukungu

Haya yalimkuta rafiki yangu Ladislaus, yule mpiga filamu anayetembea mpaka soli za viatu zinaomba likizo. Alitaka kuirekodi Mbinga kwa miguu, kutoka stendi mpaka kwao, bila kuzima kamera wala kugeuka. Alishaharibu mara sita, na filamu ilitakiwa Songea kesho yake.

Asubuhi hiyo ukungu ulikuwa wa kuchota kwa ndoo. Karibu na soko akasikia nyayo za mtu mzima nyuma yake, peku, zinaburuta kwenye tope. Kugeuka hawezi, kumnyamazia mkubwa ni aibu. Akasema, "Shikamoo." Hakujibiwa. Nyayo zikamfuata mpaka mlangoni.

Dada yake Avelina alicheka nusura avunje kiti. "We Ladi, unamwamkia usiyemwona?"

Wakaiwasha filamu. Buti zake zinasikika, "shikamoo" inasikika, nyayo za peku hamna. Avelina akarudisha nyuma, hamna. Sasa hacheki.

Wakarudisha mara ya tatu. "Shikamoo," ikasema filamu.

Nyuma ya viti vyao, mle mle chumbani, mtu akajibu taratibu, "Marahaba."