Samaki Aliyegeuzwa

"Shuka."

"Sishuki. Nimelipa kiti."

"Nauli yako nakurudishia sasa hivi. Shuka, Zhenhai, kabla sijakuvuta shati mbele za watu."

"Nivute. Angalau utakuwa umenigusa."

"Dada kiongozi," mama mmoja aliita kutoka kiti cha nyuma, "kipaza sauti chako hakijazimwa."

Basi zima likaangua kicheko. Nje, stesheni ya Quanzhou ilikuwa imefurika asubuhi ile. Watu walikuwa wakiburuta masanduku, wauza maandazi ya mvuke wakipayuka, na teksi zikipiga honi. Ndani ya basi la watalii, Biyun alizima kipaza sauti kilichoning'inia shingoni. Masikio yalikuwa yanamwaka moto. Alikuwa amevaa kama wanawake wa kwao wanavyovaa siku za kupendeza: blauzi ya buluu ya vifungo vya ubavuni, suruali nyeusi pana, na kichwani mduara wa maua mabichi uliozunguka kifundo cha nywele. Saa nzima alikaa mbele ya kioo. Hakujua kwamba anajipamba kwa ajili ya kukutana na mtu huyu.

Na Zhenhai hakuwa peke yake. Dirishani, ndani ya koti la hariri la rangi ya zambarau, alikaa mama yake, Mama Ke, akishika mkoba wake kama mtu anayeogopa kuibiwa.

"Mwanangu," Mama Ke alisema kwa sauti ndogo, "mimi nilitaka tu kuwekwa maua kichwani. Hatukujua kama ni wewe."

Biyun alimtazama. Kisha akatabasamu, na mzee Ruan, dereva aliyefanya naye kazi muda mrefu, alipoliona tabasamu lile kwenye kioo akageuza macho.

"Kaeni basi," alisema Biyun. "Siku ni ndefu."

Miaka mitatu kabla ya hapo, mama huyu na mwanawe walishuka kutoka milima ya Anxi, kwenye mashamba yao ya chai, wakaja kijijini kwa kina Biyun kumposa. Desturi ni rahisi. Binti anatoka na sinia la chai tamu, anampa mkwe mtarajiwa kwa mikono miwili. Mkwe akinywa, anaacha pakiti nyekundu ya pesa chini ya kikombe na mambo yameisha. Asipokunywa, pia yameisha. Mama Ke alikipokea kikombe. Simu yake ikalia, akasikiliza, akakiweka kikombe mezani kikiwa kimejaa vilevile, akasimama, akatoka. Zhenhai alimfuata. Hata kwaheri hakusema. Majirani walikuwa wamejazana mlangoni na kufika jioni uchochoro wote ulikuwa unaimba kitu kimoja: watu wa chai wameitemea chai ya wavuvi. Biyun alifunga namba ya Zhenhai usiku uleule, akahamia mjini kutafuta kazi. Tangu siku hiyo kila alipopita sokoni aliona vichwa vikiinamiana.

Sasa alikuwa nao mkononi, mpaka jioni.

Kijijini kwao aliwapitisha watalii kwenye vichochoro vyembamba, bendera ndogo ya njano juu, kipaza sauti mdomoni.

"Kuta hizi ni za maganda ya chaza. Joto halipiti, mvua haipiti. Na nyumba ile yenye mlango mwekundu, aliwahi kuingia bwana mmoja kuposa. Kijana mzuri, mrefu, meno yamejipanga. Tatizo miguu yake ilikuwa myepesi kuliko ulimi."

"Alikimbia?" wakauliza wanawake.

"Alitembea. Kukimbia kunataka moyo."

"Mshenzi! Yuko wapi sasa?"

"Yupo. Anakula, anashiba, anambebea mama yake mkoba."

Walicheka mpaka wakashikana mabega. Nyuma kabisa Zhenhai alihamisha mkoba wa mama yake kutoka bega hili kwenda lile, na kutoka lile kurudi hili. Biyun aliona, na roho ikamtulia kama mtu aliyekunwa mgongo.

Kwenye duka la maua alimnong'oneza msusi, na msusi akakaza kifundo cha nywele za Mama Ke mpaka nyusi zikapanda. Mama Ke hakulalamika. Alijitazama kwenye kioo, akagusa maua kwa ncha ya kidole, akasema, "Hata mimi leo nimekuwa mtu."

Zhenhai alitumia nafasi ile kusogea, chupa ya maji mkononi.

"Biyun. Maneno mawili tu."

"Umepewa miaka mitatu ya kuyapanga, umekuja na mawili?"

"Umependeza."

"Hilo moja. Usipoteze la pili."

Zhenhai alimnyooshea chupa ya maji. Alikuwa amekonda, na nywele zilikuwa zinahitaji kinyozi. Shati lake lilikuwa lilelile la kijivu ambalo Biyun mwenyewe alimnunulia, kola imeanza kuchakaa. Hilo lilimuudhi Biyun kuliko yote. Mtu aliyemwacha hana haki ya kuvaa shati lake.

Mtaani walionja vyakula. Biyun alimkabidhi Mama Ke kibakuli cha jeli baridi, yenye kung'aa, ndani yake vitu virefu vya kijivu vimelala, juu yake siki na kitunguu saumu. Alingoja kwa hamu mpaka kijiko cha pili kikamezwa.

"Hiki ni nini, mwanangu?"

"Minyoo ya matopeni, mama."

Mama Ke alilamba kijiko. Akatazama kibakuli.

"Mitamu," alisema. "Niongezee."

Kwa hiyo chakula cha mchana kilipofika Biyun alikuwa na hasira mpya. Aliwapeleka kwa Shangazi Baozhu, dada wa baba yake, mwenye mkahawa wa meza sita karibu na gati. Mume wa shangazi, mzee Huang, alikuwa baharini na mashua yake tangu juzi. Zikaletwa chapati za mayai na chaza, supu ya karanga, wali wa karoti na nyama. Kisha samaki, mmoja kila meza, mzima, amepikwa kwa mvuke na tangawizi.

Kabla ya samaki, kiongozi yeyote wa pwani ile ana neno moja la lazima, na Biyun alilisema akipita meza kwa meza. "Upande wa juu ukiisha, toeni mfupa mle wa chini. Msimgeuze samaki. Hapa ni nyumba ya mvuvi. Kumgeuza samaki ni kuigeuza mashua yake, na Mazu, mungu wa kike wa bahari, hapendi." Meza ya kwanza alisema, ya pili, ya tatu. Alipofika meza ya pembeni, Zhenhai alikuwa ameenda kunawa na Mama Ke alikuwa anawagawia wenzake chai. Biyun alirekebisha maua yake kichwani, akapita.

Wacha afanye, alijiambia. Wacha na yeye atazamwe.

Haikuchukua muda. Upande wa juu ulipoisha, Mama Ke, akiwa mkubwa wa meza na mtu mwenye adabu za kwao, alitaka kumpa jirani yake nyama nono ya tumboni. Alichomeka vijiti vyote viwili, akainua, akamgeuza samaki chali. Pwah!

Shangazi Baozhu alikuwa anatoka jikoni na bakuli la supu. Bakuli lilimponyoka.

"Nani? Nani amemgeuza?"

Mama Ke alibaki na vijiti hewani, uso umempauka. Biyun alikuwa ameusubiri uso huo miaka mitatu. Ila hakuwa amefikiria uso wa shangazi yake. Shangazi alikuwa ameshika ukingo wa meza kwa mikono miwili, macho kwa samaki.

Zhenhai alirudi akijifuta mikono. Aliona samaki, akaona supu sakafuni, kisha akamtazama Biyun.

"Uliziambia meza zote?"

Biyun aligusa maua yake kichwani.

"Siku ya kwanza tulipokula pamoja nilitaka kumgeuza samaki, ukanichapa kijiti mkononi. Leo hukumwambia mama yangu."

"Biyun!" shangazi alilia. "Mimi niliyekufuta makamasi! Mume wangu yuko majini na wewe unanichezea na samaki!"

"Shangazi, nisamehe, mimi..."

"Nyamaza! Simu yangu iko wapi?"

Alipiga, akaweka sauti ya wazi. Simu iliita. Ikaita tena mpaka ikakata. Alipiga mara ya pili, na hata watalii wapiga picha waliteremsha simu zao. Biyun alijikuta akihesabu milio. Hakuwa mtu wa kuamini sana mambo hayo, lakini kuna saa imani haikuombi ruhusa.

"Haloo?" sauti nzito ilikoroma. "Baozhu, nini? Nimelala."

"Uko hai?"

"Nilikuwa hai na usingizi. Sasa niko hai tu. Kuna nini?"

"Kuna mtu amegeuza samaki hapa!"

"Mchomee udi Mazu, halafu niachie kipande. Njaa inauma." Akakata.

Shangazi alikaa chini akalia na kucheka kwa pamoja, akijifunika uso kwa aproni. Biyun alipiga magoti mbele yake kwenye supu ileile.

"Kosa ni langu, shangazi. Niliwaambia wote nikamruka yeye makusudi. Nilitaka aaibike kama alivyotuaibisha sisi."

Mama Ke aliweka vijiti chini taratibu.

"Niliwaaibisha kwa lipi?"

"Kwa lipi! Mama, ulikiacha kikombe changu kimejaa!"

"Nilikuwa nimefiwa," alisema Mama Ke.

Akasukuma sahani ya samaki pembeni.

"Ile simu. Mkwe wangu, babu yake Zhenhai, alikuwa amekata roho. Mtu mwenye msiba anywe chai ya harusi ya binti wa watu? Nikuletee kifo nyumbani? Na kukitaja kifo ndani ya nyumba ya posa ni laana. Kwetu hata mtoto anajua. Mtu akikiweka kikombe na kutoka kimya, wenye nyumba wanaelewa, wanamtumia mchele na kitambaa cheupe. Tulingoja. Hamkutuma. Nikasema, basi, watu wa pwani wana mioyo migumu."

"Sisi hatuna desturi hiyo," Biyun alisema polepole.

"Na mimi sikuwa na hii ya samaki."

Biyun alisimama, suruali inachuruzika supu. Hasira yake ilitafuta pa kukaa, ikapapata palepale ilipostahili.

"Na wewe?" alimgeukia Zhenhai. "Wewe ulikuwa umenijua miaka miwili. Kinywa chako kilifiwa pia?"

"Nilipiga, ulinifungia. Nilikuja, baba yako akanitokea na nondo ya kubandulia chaza."

"Ulikuja mara ngapi?"

"Mara moja."

"Mara moja!"

"Biyun, ile nondo ina ncha."

Mtu alicheka, akazibwa mdomo na mwenzake.

"Kwetu ukifiwa na mkubwa," aliendelea Zhenhai, "unaoa ndani ya siku mia au unangoja mpaka mwaka wa tatu. Mama alisema tungoje kimya. Nikangoja. Msiba umeisha mwezi uliopita. Leo nilitaka tu kupita mbele ya mlango wenu, nione kama nitapata ujasiri. Sikutegemea mlango ungenipandia basi."

"Wewe ni mwoga."

"Ndiyo."

"Mwoga, bubu, na shati langu umelichakaza."

"Ndilo ninalolipenda."

"Basi yamekwisha," Mama Ke aliingilia kwa furaha, akijifuta macho. "Tutatafuta mshenga. Tutampelekea mtaalamu wa nyota tarehe zenu za kuzaliwa, achague siku njema. Labda mwakani, baada ya mavuno ya vuli..."

"Mwakani?" Biyun alisema.

Neno hilo lilimwingia kama mwiba. Tena kungoja, tena vikao, na mama huyu akiamua lini watu wapumue? Alimtazama Zhenhai, mwoga wake, aliyekuwa tayari ameanza kuitikia kwa kichwa, kisha akajizuia alipoona macho yake.

"Una kitambulisho?"

"Ninacho mfukoni. Kwa nini?"

"Siku hizi hawadai kile kitabu cha familia, kitambulisho kinatosha. Ofisi ya ndoa iko wazi mpaka jioni. Unakuja, au unamuuliza mama?"

Zhenhai alimtazama mama yake. Kisha, kwa mara ya kwanza katika maisha yake, hakumsubiri ajibu.

"Nakuja."

"Bila mshenga?" Mama Ke alipiga kelele. "Bila chai? Nami nije basi, nishuhudie!"

"Wewe unabaki, mama," Biyun alisema, kwa upole uliokata kama wembe. "Utapata habari kama mimi nilivyozipata za msiba wenu, mambo yakiwa yameisha."

"Na huyu mama atadeki supu yangu," Shangazi Baozhu alisema, akimtupia Biyun ufunguo wa pikipiki yake ya umeme. "Halafu tutaenda wote kwa Mazu na udi. Nenda, mjinga wewe, kabla sijabadili mawazo."

Biyun alimwekea mzee Ruan bendera ya njano mkononi.

"Mimi ni dereva!"

"Leo ni kiongozi. Wapeleke gati, wapige picha, wahesabu, wapandishe."

Watalii waliwasindikiza mpaka barabarani kwa vifijo. Zhenhai alikaa nyuma, mikono haijui pa kushika.

"Nishike kiuno. Au hilo nalo lina miaka mitatu?"

Alimshika.

Ofisini mpiga picha aliwaweka mbele ya kitambaa chekundu, akamwomba bibi harusi aondoe maua kwa kuwa yanajaza picha. "Sogea nyuma na hiyo kamera yako," Biyun alijibu, na mtu akasogea. Kwenye dirisha, karani kijana mwenye miwani alizipanga karatasi zao, akauliza swali analomuuliza kila mtu.

"Mnafunga ndoa hii kwa hiari yenu?"

"Kwa hiari," Zhenhai alijibu upesi.

Karani akamtazama Biyun. Biyun akanyamaza.

Alitazama dari, akatazama kucha zake. Pembeni yake alisikia pumzi ya Zhenhai ikikatika, akaona tone la jasho likianza kwenye nywele zake ndefu, likishuka shavuni, likiingia kwenye kola iliyochakaa. Foleni nyuma ilianza kukohoa.

"Dada?" karani aliuliza.

"Biyun," alinong'ona Zhenhai. "Tafadhali. Sema chochote."

"Unaona inavyokuwa," alimwambia, "mtu akikaa kimya?"

Akachovya kidole gumba kwenye wino mwekundu, akakibandika kwenye karatasi, akakikandamiza mpaka meza ikalia.

"Kwa hiari," alisema.