Koki Iliyolia Ukutani

"Kaniki nyeusi kwenye koki ni ya nini? Nijibu, Fides!"

Conjesta alikuwa amesimama mlangoni kwa jirani yake, mikono kiunoni, kitenge kimekazwa kama mtu wa kwenda kupigana.

"Ya kuzuia kelele za matone, dada Conje. Mama kaifunga ili maji yateremke kimya kimya kwenye ndoo."

"Matone! Na kile kilio? Toka huyo mama mkwe wako aje kutoka Ibaba, ukuta wangu unaomboleza. Nimeshamwambia balozi wa nyumba kumi kwamba ni mchawi. Arudi kwao, la sivyo mtaa utakuja kumtoa wenyewe."

Akaondoka akisonya. Fides akafunga mlango. Naye alikiogopa kilio hicho, ila hakuwahi kumwambia mtu.

Mtaani kwao Tunduma maji yalikuwa ya mgao. Kila yalipokatika, na kila yaliporudi, koki ya jikoni ililia. Ilianza chini, kama mtu anayevuta pumzi chumba cha pili. Kisha sauti ilipanda, nyembamba, ndefu, kama mwanamke anayemwita mtoto aliyepotea.

Siku hiyo ukungu ulikuwa umeshuka hadi madirishani. Malori yaliyongoja kuvuka mpaka yalinguruma bila kuonekana. Fides aliingia jikoni, akamkuta mama mkwe wake, bibi Tabita, amekaa kigodani. Furushi lake lilikuwa limefungwa, liko miguuni.

"Nimesikia, mkamwana. Wasije wakakuchomea nyumba kwa ajili yangu. Kesho nitapanda gari."

Hapo hapo koki ikavuta pumzi. *Hoooo.* Kaniki ikatikisika, na upepo haukuwepo. Fides alimtazama bibi. Mdomo wake ulikuwa umefumbwa, lakini sauti ilizidi kupanda. Nywele zikamsimama Fides. Akajiuliza: na kama ni kweli?

"Hodi! Nani anachinjwa humu?"

Alikuwa Kabula, mwanamke wa Kisukuma kutoka Ndalambo. Alikuwa fundi bomba, tena aliyejua habari za kila jiko mtaani. Nyuma yake alichungulia Conjesta. Kilio kilikuwa kimemtoa kwake mbio.

Kabula aliweka sikio ukutani, kisha akaigusa koki.

"Kinacholia kiko ndani ya koki. Kinaitwa katriji. Ndicho kinachofungua na kufunga maji. Hiki kimelika."

"Mbona inalia hata ikiwa imefungwa?" aliuliza Conjesta.

"Kwa sababu haifungi tena, mama. Maji yakikatika, bomba linanyonya hewa hapa. Yakirudi, hewa inatoka kwa nguvu hapa hapa. Na bomba lenyewe limepita ukutani kwako. Linakuletea kilio mpaka kitandani." Akamgeukia Fides. "Maji yakikatika huwa mnaacha koki wazi ili mjue yakirudi, sivyo?"

"Mtaa mzima tunafanya hivyo."

"Basi maji ya kwanza yanakuja na mchanga, na mchanga unaitafuna katriji. Ikianza kuvuja mnafanyaje?"

Fides aliutazama mchi pembeni. Ndio aliokuwa akiigongea koki ili ifunge.

"Hee!" Kabula akacheka. "Ungegongwa hivyo, ungelia na wewe. Haya, itengeneze mwenyewe, mimi nakuelekeza. Kwanza funga koki kuu pale nje, kwenye mita. Halafu fungua hii, maji yaliyobaki yatoke."

Fides alifanya hivyo. Koki ikatoa kilio cha mwisho, kirefu, kikafifia taratibu kama mtu anayekwenda mbali. Conjesta alijishika kifua.

Fides aliifungua kaniki, akabandua kifuniko kidogo, akafungua skrubu, akachomoa mkono wa koki. Akalegeza nati kwa spana ya Kabula. Ndani alikuta katriji ya plastiki, imechubuka, mpira wake umepasuka, imejaa mchanga.

"Usinunue kwa kukisia," Kabula alimwambia. "Zinatofautiana. Nenda nayo dukani, ulinganishe."

Fides akaenda, akarudi na iliyo sawasawa. Alipangusa mchanga ndani ya koki. Vijino viwili vya chini ya katriji mpya akaviingiza kwenye matundu yake. Akarudisha nati, akaikaza mpaka ikagoma, bila kulazimisha. Akarudisha na mkono wa koki. Kisha akaifungua koki kuu polepole.

Wote walingoja. Hakuna tone lililoanguka. Fides akafungua, maji yakatoka. Akafunga, yakakoma. Kukawa kimya, kimya kilichotisha kuliko kilio.

"Ameondoka," alinong'ona Conjesta.

"Hakukuwa na mtu," alisema Kabula. "Maji yakikatika, fungeni koki. Yakirudi, toeni kwanza yale machafu kwenye bomba la nje."

Bibi Tabita aliliangalia furushi lake. Hakulifungua.

Maji yalikatika tena, yakarudi tena. Ukuta haukutoa hata mguno. Siku iliyofuata, mchana, Conjesta alisimama tena mlangoni. Safari hii mikono haikuwa kiunoni.

"Bibi, nimekwenda kwa balozi. Nimesema nilikusingizia uchawi. Na kila nyumba niliyoipelekea yale maneno, nimepita tena kuyafuta."

Bibi Tabita alikuwa akisonga ugali. Furushi halikuwepo tena miguuni. Aliegemeza mwiko kwenye sufuria, na Fides akaacha kupakua maharage.

"Sasa mbona umeganda mlangoni kama mgeni?" alisema bibi. "Koki ile pale. Ifungue kwa mkono wako mwenyewe, unawe, uje tule."