Herufi Arobaini

Ilikuwa Ijumaa ya kawaida kabisa, saa tisa alasiri, na shemeji yangu alikuwa na njaa. Naanza na njaa kwa sababu mwenyewe ndipo anapoanzia akisimulia, utadhani tumbo ndilo lililobonyeza kitufe.

Pale zahanati walimwita Fundi. Kazi yake ilikuwa kuistaafisha programu ya wagonjwa iliyotumika miaka ishirini na miwili, na kuwahamishia watu wote kwenye mpya. Ile ya zamani ilikuwa kama mali ya Mama Masjala, karani wa mapokezi, aliyefariki miezi miwili kabla. Mama yule alikuwa na mtindo wake. Aligonga kalamu mezani mara mbili, ndipo akaandika. Chini ya kila jina, kwenye kisanduku cha maoni, alitanguliza jambo jema la mgonjwa, kisha ndipo akataja hatari. Hata kwenye kompyuta alikuwa mtu wa kubisha hodi.

Programu mpya haikuwa na subira hiyo. Kisanduku chake kilipokea herufi arobaini tu, nafasi zikihesabiwa. Uhamisho ulipokaribia mwisho, kioo kikauliza: "Maoni 312 yamezidi. Yakatwe?"

Fundi aliyafungua matatu, manne, akayasoma. Aliona vizuri kabisa kitakachokatwa. Lakini kuyapanga upya kungemchukua wiki nzima, na daktari mkuu alishasimama mlangoni akichezea funguo za gari. Akabonyeza Ndiyo. Akafuta diski ya zamani, akasaini fomu kwamba kila kitu kimehama salama, akaenda kula.

Jumatatu asubuhi aliingia stoo kutafuta waya. Printa ya Mama Masjala ilikuwa juu ya rafu, ile ya makelele, yenye karatasi ndefu iliyotobolewa pembeni. Waya wake wa umeme ulikuwa umeviringwa na kufungwa kwa mpira. Mdomoni kilining'inia kipande cha karatasi. Kilikuwa bado na joto.

*Penisilini asiguse kabisa.*

Mgonjwa gani, hakujua. Kimekatwa wapi na nani, alijua fika. Angeweza kukipeleka kwa daktari dakika ileile, lakini angeulizwa kuhusu ile fomu. Akakikunja, akakitia mfukoni. "Mchana nitalitengeneza," alijiambia.

Saa nne na nusu alikuwa mapokezi akibadilisha kipanya kibovu. Akaletwa mwalimu mstaafu wa chekechea, mguu umevimba kwa kidonda. Sista alisoma kioo, akatabasamu. Kulikuwa na mstari mmoja tu: *Anaogopa sindano, mwongeleshe taratibu.*

"Usiogope, mama," Sista alimwambia, akimshika mkono kumwingiza chumba cha pili. "Wewe tazama dirishani. Nihesabie magari."

Mlango ulibaki wazi. Fundi alimsikia mwalimu akihesabu.

"Moja. Mawili."

La tatu hakulihesabu. Kiti kilianguka. Fundi alikuwa hatua kumi kutoka pale, na karatasi ilikuwa mfukoni mwake.

Mwalimu hakuamka tena. Alasiri Sista alisimama mbele ya daktari mkuu. "Naapa kioo hakikusema kitu kuhusu penisilini," alisema. "Na Mama Masjala asingeacha kuandika jambo kama hilo." Daktari akamgeukia Fundi. "Kuna kilichopotea kwenye kuhamisha?"

"Hapana, daktari."

Sista akaambiwa akae nyumbani hadi uchunguzi uishe. Fundi alimfungulia mlango wa kutokea. Anasema aliona haya hata kumwambia pole.

Jumanne, saa tano ya asubuhi, jua likiwaka na benchi limejaa watu, alisikia kitu nyuma ya ukuta. Kalamu ikigonga meza. Mara mbili. Kisha printa ikaanza kukereza.

"Unasikia?" alimnong'oneza mfagizi.

"Nini?"

Kalamu tena. Mara mbili. Fundi akaenda stoo. Akafungua mlango.

Karatasi zilimfika vifundoni. Waya ulikuwa bado umefungwa kwa mpira. Ilikuwa mikia mitupu ya maoni, haina vichwa. *Ana figo moja. Mumewe asiambiwe. Kifafa, asiachwe peke yake.* Akapiga magoti. Akaokota. Printa ikasukuma mstari wa mwisho, polepole, herufi moja moja, kama mtu anayefikiri.

*Alijua tangu Ijumaa.*

Huo aliuchana ukiwa peke yake. Iliyobaki akaikumbatia, akachomeka kati yake kile kipande cha Jumatatu, akaenda kwa daktari.

"Nimegundua leo," alisema. "Programu imekata yenyewe. Bahati nzuri printa ilibaki na nakala."

Sista akarudishwa kazini siku hiyohiyo. Kwa siku tatu walikaa meza moja, Sista akisoma vichwa kwenye kioo, Fundi akitafuta mikia inayofanana navyo, wakiwapigia wagonjwa simu pale waliposhindwa. Mia tatu na kumi na mbili, yote ikapata wenyewe. Mwishoni Sista alimshika mkono wake kwa mikono miwili, machozi yakimlengalenga. "Ahsante, Fundi. Umeniokoa." Daktari akamwandikia barua ya pongezi. Shemeji anasema afadhali wangempiga makofi. Mkia wa mia tatu na kumi na tatu ulikuwa kwenye pochi yake.

Ukakaa humo miaka kumi na mmoja. Alishautupa mara mbili, na mara zote mbili aliukuta palepale.

Mwezi uliopita homa ilimkamata akiwa safarini, mji ambao hajawahi kukanyaga. Hospitali yao ilitumia programu ileile aliyoiita mpya, na ukutani palikuwa na tangazo kwamba itastaafishwa mwisho wa mwezi. Karani, binti mchangamfu, akachapa jina lake kumfungulia faili. Akasita.

"Kumbe umo humu, baba."

"Sijawahi kutibiwa hapa."

"Umo. Na aliyekuandika anakupenda kweli." Akamsomea: "*Kijana mpole, humwamkia kila mtu njiani.*"

Mahali fulani nyuma ya karani, kalamu iligonga meza. Mara mbili.

"Chini yake kuna kingine?" Fundi aliuliza.

"Hakuna. Yameishia hapo."

Fundi akafungua pochi. Akaweka kipande cha karatasi kaunta, wino bado mweusi. Karani akakisoma, akamtazama, akakisoma tena.

"Ongeza na hicho," Fundi alimwambia. "Tafadhali, mwanangu. Kiandike."

Karani akachapa. Akafuta, akachapa tena.

"Inakataa, baba," alisema. "Nafasi imejaa." Akampa namba, akamwonyesha benchi la kusubiria.